Jina la Faraji

Mtu huulizwa jina lake mara nyingi kuliko aulizwavyo jambo lingine lolote, lakini ni mara chache huulizwa jina hilo lilitoka wapi. Swali la kwanza nimelijibu kwa zaidi ya miaka arubaini bila ya taabu. Swali la pili nililijibu vibaya kwa muda mrefu, mara nyingine kwa maneno na mara nyingine kwa kunyamaza. Kwa kuwa kazi yangu ni kusahihisha makosa ya wengine, yanipasa leo nisahihishe na langu.

Jina langu la ukoo ni Faraji. Nilizaliwa katika Milima ya Pare ya Kusini, Wilaya ya Same, upande ule unaotazama mashariki, ambako mtu akisimama uani asubuhi huiona nyika ya Mkomazi imetandazwa chini yake mpaka inapoungana na mbingu ya Kenya. Mji wa Same wenyewe uko chini, katika joto na vumbi la barabara kuu. Ukimsikia mtu wa kwetu akitaja jina lake hukawii kujua atokako: Mshana, Msuya, Mbwambo, Mgonja, Mmbaga. Majina haya yana historia yake. Washana walikuwa wahunzi, nao walitawala Ugweno kabla ya Wasuya kuwapindua. Wambaga walijulikana kwa uganga wa mvua. Profesa Isaria Kimambo, ambaye mwenyewe alikuwa Mpare, alikusanya masimulizi ya koo hizi vinywani mwa wazee, akayatolea kitabu mwaka 1969. Jina langu halisimami katika safu hiyo. Mwalimu akiita majina darasani, jina langu lilisikika kama mgeni aliyepanda mlima kutoka pwani.

Nilipofika chuo kikuu kusoma Kiswahili, ugeni huo ukawa faida. Kijana wa milimani aliyelelewa kwa makande na Chasu huogopa kuchekwa kwa matamshi yake mbele ya wenzake wa Unguja na Tanga. Mimi sikuchekwa. Niliulizwa tu, “Faraji, nyinyi ni watu wa wapi pwani?” nami nikatabasamu. Baadaye nilijifunza kujibu kwamba asili yetu ni ya huko, mababu walipanda na misafara. Siku nilipotunukiwa shahada ya udaktari, mgeni mmoja aliniuliza swali lile lile mbele ya baba yangu. Nikatoa jibu langu la siku zote. Baba alikuwa amesimama kando yangu katika koti lake la kanisani. Hakusema neno, aliangalia viatu vyake. Nilidhani amechoka kwa safari.

Baba alifariki miaka michache iliyopita, tukamzika kando ya migomba, karibu na kaburi la babu. Yeye alikuwa Mkristo wa Kilutheri. Baba yangu mdogo ni Mwislamu. Shangazi yetu mkubwa aliolewa kwa Wasabato na ndiko anakosali. Sisi sote ni akina Faraji, wala si ajabu katika Upare nyumba moja kuwa na vitabu vitatu vya sala. Ugomvi wetu haukuwa wa dini. Ulikuwa wa herufi mbili tu, a na l.

Ndugu yangu mmoja, mtoto wa baba mdogo, anafanya kazi Muscat. Alituma fedha za kutosha jiwe zuri la kaburi, na pamoja na fedha akatuma maneno ya kuchongwa, ambayo mwisho wake ulikuwa “Al-Faraji”. Alieleza kwamba huko aliko mtu huulizwa kabila lake kabla ya kuulizwa hali yake, na asiye nalo huhesabiwa kuwa hana mwenyewe. Alikuwa ameanza kujiandika hivyo. Aliwaambia watoto wake kuwa jadi yetu alikuwa mfanyabiashara wa Oman aliyepanda na msafara wa Pangani akaoa milimani. Simlaumu. Hadithi yake niliijua vyema, kwa maana ilikuwa yangu kabla ya kuwa yake. Wala haikuwa hadithi isiyowezekana: njia ya misafara kutoka Pangani kwenda Kilimanjaro ilipita chini ya milima yetu, na watu wa pwani walikaa wakaoa huko.

Ndugu walikutana nyumbani kwa marehemu kukata shauri. Wakasema mimi ndiye nitoe hukumu, kwa kuwa nimesoma. Basi nilitoa. Nataka msomaji aipate hukumu hiyo kama nilivyoitoa, kwa sababu haikuwa na kosa lolote isipokuwa kutokutosha.

Nilianza kwa maana. Faraj ni neno la Kiarabu, na shina lake ni herufi tatu: fa, ra na jim. Maana yake ya kwanza ni kufungua mahali palipobana; furja ni upenyo au mwanya. Kutoka hapo maana ikapanda kutoka kwenye vitu hadi kwenye moyo: dhiki ni kubanwa, na faraj ni kufunguliwa. Kiswahili kimelipokea shina hili kwa mapenzi. Kina faraja, kufariji, kufarijika na mfariji, na kina methali mbili ambazo kila mtoto huzijua: “Baada ya dhiki faraja”, na “Subira ni ufunguo wa faraja”. Waarabu wenyewe walilifikiria sana jambo hili. Al-Tanukhi, kadhi aliyefariki Baghdad mwaka 994, aliandika kitabu kizima cha hadithi za watu waliookolewa katika shida, na jina la kitabu hicho ni kama methali yetu: faraja baada ya dhiki.

Kisha nikaonyesha kuwa jina hili limevaliwa na watu wa kila namna. Abu al-Faraj al-Isfahani, wa karne ya 10, ndiye aliyekusanya kitabu kikubwa cha nyimbo za Waarabu. Abu al-Faraj mwingine, aliyefariki mwaka 1286, alikuwa askofu wa Kanisa la Kisiria na mtaalamu wa historia na tiba. Sultani mmoja wa Misri, mwanzoni mwa karne ya 15, aliitwa Faraj. Na Wamisri wengi hata leo hulitamka jina hilo Farag. Kwa hiyo, nikasema, Mlutheri wa Upare hana haya ya kulibeba, kwani maaskofu walimtangulia.

Mwisho nikafika kwenye sarufi. Neno la Kiarabu laweza kuishia kwa konsonanti. Kiswahili hupenda kila neno limalizikie kwa vokali. Basi Mswahili akilipokea jina la Kiarabu hulitia mkia. Baada ya herufi za midomo, kama b na m, mkia huo mara nyingi ni u: Rajabu, Yakubu, Salimu, Ibrahimu. Baada ya herufi nyingine nyingi ni i: Hamisi, Rashidi, Athumani, Faraji. Hii i haina maana yoyote. Ni pumziko la ulimi. Lakini Waarabu wanayo i nyingine, nayo ina maana kubwa. Hiyo huitwa nisba, na humhusisha mtu na kabila, ukoo au mahali: Barwani, Nabhani, Harthi, Mazrui. I hizi mbili hufanana kama mapacha, lakini moja ina kazi na nyingine haina. Mtu akiiona i ya Faraji akaidhania kuwa ni ile ya Barwani, hapo ndipo anapovutwa kutia Al mbele. Faraji wetu si jina la kabila. Ni jina la mtu mmoja, aliloitwa alipokuwa akiletewa maji ya kunywa au akitafutwa shambani. Wajukuu wake tumelishika kwa kuwa makarani walitaka majina matatu.

Niliponyamaza, wengine walitikisa vichwa kwa kukubali. Lakini baba mdogo, ambaye si mtu wa kudanganywa na maneno mazuri, aliuliza, “Sawa, si kabila. Lakini huyo mtu mmoja mwenye jina la Kiarabu, hakuwa Mwarabu?” Nikaona kwamba sikuwa na jibu. Sarufi ilikuwa imeiondoa dalili ya hadithi, lakini hadithi yenyewe haikuweza kuigusa.

Shangazi mkubwa alikuwa ameketi karibu na mlango, mahali penye mwanga. Umri wake unazidi miaka themanini, na kwa kawaida husikiliza mikutano yetu kama mtu anayesikiliza mvua. Akaniambia kwa Chasu, nami nafasiri, “Umemaliza, mwanangu?”

Nikasema, “Nimemaliza, Shangazi.”

“Basi nisikilizeni na mimi. Huyo Faraji alikuwa babu yangu. Nimelala katika nyumba yake na nimempelekea moto wa kiko chake. Hakuwa Mwarabu. Alizaliwa hapa hapa. Alikuwa mtoto wa kuchunga mbuzi mwaka ule wa njaa, na baba yake alimshika mkono akateremka naye mpaka Kisiwani, akamweka kwa watu wa biashara, akapanda na mahindi. Haikuwa kuuza. Ilikuwa rehani, mavuno yakija atakombolewa. Lakini mavuno hayakuja upesi, na watu wale hawakungoja. Wakaenda naye Pangani. Jina la Faraji alipewa huko.”

Hakuna aliyesema neno. Nasi milimani twajua neno rehani lina uzito gani likitajwa juu ya mtu.

Shangazi akaendelea, “Alirudi na reli. Alikuwa mbeba mataruma. Reli ilipofika Same alitua mzigo wake akapanda mlima. Baba yake alikwisha kufa. Mama yake alikuwa hai, lakini hakumtambua, na yeye Chasu kilikuwa kimempotea, alisema kama watu wa pwani. Akasimama uani akawataja mbuzi aliokuwa akiwachunga, mmoja mmoja, kwa majina yao. Ndipo mama yake alipopiga kelele.”

Nikamwuliza jina la babu kabla hajaitwa Faraji.

“Silijui,” akasema. “Mama yake alimwita kwa jina hilo mpaka akafa, na hakuna mwingine aliyeruhusiwa. Mimi nilikuwa sijazaliwa. Nilipomwuliza babu, alinijibu kuwa jina lile lilikuwa la mama.”

Nikamwuliza tena kwa nini hatukuambiwa. Alinitazama mimi, si wengine. “Baba yako alijua. Alisema, tuwaache watoto wasome kwanza.”

Nilikumbuka viatu vya baba yangu siku ile ya mahafali.

Tangu siku hiyo nimeyapima maneno ya Shangazi kwa yale niyajuayo, nami naona yanasimama. Kati ya mwaka 1898 na 1900 njaa kubwa ilienea katika nchi nyingi za Afrika ya Mashariki, baada ya miaka ya nzige na ya sotoka iliyoua ng’ombe. Na kuweka watoto rehani kwa chakula ni jambo lililotendeka katika njaa nyingi za wakati ule. Soko la watumwa la Unguja lilikuwa limefungwa tangu mwaka 1873, lakini kufungwa kwa soko si kufungwa kwa utumwa. Wajerumani walitangaza kuwa watoto wa watumwa watakaozaliwa baada ya mwaka 1905 watakuwa huru, wakawaacha waliokwisha kuzaliwa. Utumwa wenyewe haukufutwa kwa sheria katika Tanganyika mpaka mwaka 1922, chini ya Waingereza. Reli ya Tanga ilifika Mombo mwaka 1905 na Moshi mwaka 1911, nayo ilipita Same katika miaka ya mwisho ya kazi hiyo. Mtoto wa mbuzi wa mwaka wa njaa alikuwa kijana wa kubeba mataruma wakati huo.

Na jina lenyewe lilikuwa limenieleza jambo hili siku zote, kama ningetaka kusikia. Wenye watumwa wa pwani walipenda kuwaita watu wao kwa majina ya heri na ya vitu vya thamani: Mabruki, Baraka, Almasi, Feruzi, Bahati, Faraji. Waungwana pia walibeba baadhi ya majina hayo, na kwa hiyo jina peke yake halithibitishi utumwa kama lisivyothibitisha Uarabu. Lakini soma vitabu vya safari za Wazungu wa karne ya 19, uwatazame wale waliobeba mizigo na kuongoza njia, utayakuta majina haya yamejipanga. Sidi Mubarak Bombay, aliyefuatana na Burton na Speke tangu mwaka 1857, alikuwa Myao aliyetekwa utotoni akapelekwa mpaka Uhindi. Na mwenzake katika safari hiyo aliitwa Mabruki. Stanley alipomtafuta Livingstone mwaka 1871 alikuwa na mpishi aliyeitwa Faraji. Naye Livingstone alipokufa katika kijiji cha Chitambo mwaka 1873, aliyeupasua mwili wake kwa uangalifu ili ukaushwe na kubebwa hadi pwani, pamoja na akina Susi na Chuma, aliitwa Farijala, yaani faraja ya Mungu. Kazi hiyo aliiweza kwa kuwa aliwahi kumtumikia daktari mmoja Unguja. Majina hayo niliyasoma nikiwa mwanafunzi, nikayapigia mstari kwa ajili ya fonolojia yake.

Swali ambalo sarufi haikunifundisha ni hili: mtoto huyu alipoitwa Faraji, ilikuwa faraja ya nani? Bwana aliyemtwaa labda aliona faraja yake mwenyewe, mikono mipya shambani. Nyumbani milimani faraja ilikuwa ya mahindi. Ndugu zake walikula mahindi yale wakaiona mvua iliyofuata, na wajukuu wao ndio majirani zetu; twapakana mashamba na twazikana. Aliyebanwa ni mmoja, na waliofunguliwa ni wengi. Labda naye aliliona hilo, kwa kuwa aliporudi akiwa huru, na angeweza kulitupa jina lile barabarani pale Same, alipanda nalo mlimani. Alipoandikishwa kodi, karani aliliandika. Mwanawe, babu yangu, alipopelekwa shule ya misheni aliulizwa jina la baba yake, akalitaja. Kwa desturi ya zamani jina hilo lingesogea na kupotea katika kizazi cha tatu, kwa kuwa kila mtu huitwa kwa baba yake na babu yake tu. Vyeti vya shule na vitambulisho vililigandisha hapo lilipokuwa, nasi tukaliita jina la ukoo.

Sisemi kwamba Kiarabu ni cha kuonewa haya katika Upare. Majirani zetu Wakristo huwaita watoto wao Elirehema, Eliamani, Elifuraha. Nusu ya kwanza ya majina hayo ni Mungu wa Waebrania, na nusu ya pili, rehema na amani na furaha, ilitoka kwa Waarabu ikapitia Kiswahili. Hakuna anayedai kwa majina hayo kuwa ni Myahudi au Mwarabu. Ni majina ya Kipare, kwa sababu Wapare ndio wanaoyaitikia. Kosa langu halikuwa kubeba jina la Kiarabu. Lilikuwa kulitumia jina la mtoto aliyewekwa rehani kama cheti cha uungwana.

Nilimpigia simu ndugu yetu wa Muscat nikamweleza yote, pamoja na mbuzi. Alikaa kimya hata nikadhani simu imekatika. Kisha akasema tuandike tuonavyo, fedha zile ni za baba mkubwa kwa vyovyote. Kabla ya kuagana aliniuliza, “Na mimi huku, kaka, nijiite nani?” Sikuwa na neno la kumwambia. Mimi nilijipa Uarabu kwa ajili ya kusifiwa. Yeye aliuhitaji kwa ajili ya kuheshimiwa kazini, na hayo si makosa ya uzito mmoja.

Jiwe limekwisha kuwekwa. Lina jina la baba, jina la babu, na mwisho Faraji, bila ya kitu mbele yake. Shangazi alitaka nafasi iachwe chini ya maandishi hayo, upana wa viganja viwili. Fundi alidhani tumekosea hesabu ya maneno, akauliza kama achonge ua. Tukamwambia apaache wazi.

Kila mwaka wanafunzi wapya hunijia, na hapakosi mmoja anayeniuliza mimi ni mtu wa wapi pwani. Sasa humjibu kwamba mimi ni Mpare wa Same. Babu wa baba yangu alikwenda pwani akiwa mtoto, si kwa kupenda kwake, na alirudi kwa miguu yake.